Dunia Ikizima Chaji

Siku simu ya mwanangu Twalibu ilipozima chaji, watoto watatu walitupwa nje ya dunia hali wamekaa barazani kwangu, migongo ukutani, kila mmoja na simu yake mkononi. Muda mfupi kabla walikuwa juu ya kilima wanajenga mnara. Mara hakuna mnara, hakuna kilima. Mbwana akapiga ukelele kama aliyekanyaga mwiba. Sefu akamgeukia Twalibu akamtolea maneno ambayo sitayaandika, maana ni mwanafunzi wangu na baba yake anajua kusoma. Mwanaidi, mdogo wao, miaka 11, hakumlaumu mtu. Aliuliza tu: "Sasa mnara uko wapi?"

Mimi nilikuwa ndani, nyuma ya cherehani, natia kola kwenye kanzu ya bwana harusi aliyenipa siku mbili tu. Mnara haukunihusu. Lakini swali lile lilinifanya niinue mguu.

Kwa kazi mimi ni fundi cherehani, Ngamiani, Tanga. Baada ya alasiri nageuka maalim: nakunja vitambaa, natandika mikeka mitatu, na watoto kama 30 wanaingia na juzuu zao. Waifai nilifunga kwa ajili ya binti yangu mkubwa anayesoma kwa njia ya mtandao. Tangu siku hiyo baraza halijakosa watu. Wanakuja saa moja kabla ya darasa, wanabaki saa moja baada ya darasa, na mwanzoni nilijidanganya kuwa ni utamu wa elimu.

Mchezo wenyewe ni Minecraft, na sina haja ya kuueleza sana, kwani kila nyumba yenye mtoto na simu imeshausikia. Ulianzia Sweden mwaka 2009, ukaingia kwenye simu mwaka 2011, na mwaka 2014 Microsoft wakainunua kampuni yake kwa dola bilioni 2.5. Ni dunia ya matofali: udongo tofali, mti matofali, hata jua angani ni la mraba. Hakuna refa wala dakika 90. Unachimba, unajenga, unafuga, unalima, kama watoto wanavyochezea mchanga pale Raskazone maji yakitoka, ila mchanga huu hausombwi na bamvua.

Kilichonifungua macho ni namna wanavyoingia pamoja. Nilikuwa nikidhani dunia yao iko huko mtandaoni, mahali fulani juu, na kila mtoto anaiingia kwa simu yake kama tunavyoingia sokoni kwa milango tofauti. Sivyo. Twalibu anaifungua dunia kwenye simu yake, ile yenye ufa wa kioo kutoka pembe hadi pembe. Wenzake, kwa kuwa wako kwenye waifai moja naye, wakifungua ukurasa wa marafiki wanaliona jina la dunia hiyo (ameiita Lushoto), wanabonyeza, wanaingia. Huko ndiko kujoini. Umeme ukikatika hawakati tamaa: Twalibu anawasha hotspoti na mambo yanaendelea bila kula bando, kwa sababu hakuna kinachotoka nje ya baraza. Milima, mapango, ng'ombe, mvua, vyote vimo ndani ya simu moja ya mtoto wa miaka 13. Wageni wana dirisha tu. Na dirisha lenyewe lazima lilingane: Sefu alikaa nje siku tatu kwa kuwa mchezo wake ulikuwa toleo la zamani, akawa anachungulia kwenye bega la Mbwana kama mtu asiye na kadi ya mwaliko.

Zipo dunia za kulipia kila mwezi, zinazokaa kwenye seva, ambazo mwenyewe akitoka hazifungwi. Nimekataa kulipa. Zamani sababu ilikuwa ubahili. Siku hizi nina sababu ya kielimu.

Niliwawekea masharti mawili. La kwanza, kabla ya kubonyeza, mtu apige hodi kwa mdomo, na Twalibu aseme karibu kwa mdomo. Walicheka, kisha wakazoea. Hodi mara tatu, ukikosa jibu unarudi. Hiyo ni adabu ya kila nyumba, na sioni kwa nini nyumba ya matofali ya kuchora isamehewe. Sharti la pili lilihusu neno. Twalibu alizoea kusema, "Nimeumba dunia mpya." Nikamwambia aseme amefungua. Kuumba ni neno zito, mwanangu. Kufungua, hata duka linafunguliwa. Alikubali bila ubishi, jambo lililonishangaza, kisha nikagundua kuwa wenzake walikuwa wanasema hivyo hivyo siku zote: "Fungua dunia, tujoini."

Sasa nirudi kwenye swali la Mwanaidi.

Kwa miaka 19 nimefundisha sifa ishirini. Waliopita chuoni wanazijua, wengine wanaweza kuziimba usingizini: wujudi, qidamu, baqai, mukhalafatu lil-hawadithi, na ya tano, qiyamuhu binafsihi. Ya tano tunaitafsiri kuwa ni kusimama kwa nafsi Yake: hahitaji mahali pa kukaa wala wa kumshikilia, na visivyokuwa Yeye vyote vinamhitaji Yeye. Watoto hulitamka neno hilo vizuri sana. Nami nilikuwa nalieleza kwa mfano wa kazi yangu. Naitwaa kanzu kwenye kamba, nawaonyesha mshono wa kwapa, nawauliza, "Hii ilijishona?" Wanajibu kwa pamoja, "Haikujishona!" Basi na mbingu zina Fundi. Tunafunga vitabu, tunaenda kuswali magharibi.

Mfano huo una kasoro niliyoilea miaka 19 bila kuiona. Kanzu ikishatoka mkononi mwangu hainihitaji tena. Kuna mzee mtaa wa pili, hadi leo Ijumaa huvaa kanzu aliyoshonewa na marehemu baba yangu. Baba yuko makaburini tangu 2004, na mshono wake haujaachia hata uzi mmoja. Kanzu haina habari kwamba fundi kafa. Mtoto niliyemlea kwa mfano huu atakua na Mungu wa aina gani? Aliyeshona, akakunja, akashukuriwa, akaenda zake. Atakiri kuwa Mungu yupo, lakini kama fundi wa zamani alivyopo: jina kwenye kipande cha kitambaa ndani ya kola, ambalo hulisomi mpaka uvue.

Jioni ile, badala ya kushika kanzu, niliiweka simu ya Twalibu katikati ya mkeka, imezima vilevile.

"Mnara uko wapi?" niliwauliza.

Mbwana akasema umesevu. Upo kwenye memori, Twalibu akichaji wataukuta. Nikamuuliza, basi kilima kipo? "Kipo, Maalim." Akafikiri. "Lakini hakipo." Chuo kizima kikacheka, naye akakasirika, maana alikuwa amesema kweli na hakujua namna ya kuitetea. Mwanaidi ndiye aliyemtoa. Alisema kilichobaki si kilima, ni hesabu ya kilima. Kama daftari la duka, akasema. Mchele umeandikwa mle, lakini huwezi kuupika.

Wanazuoni wamemwaga wino mwingi kutenganisha kitu kilichomo katika ilimu ya Mola na kitu kilichosimamishwa kikawa. Sikuwahi kupata njia ya kulifikisha hilo kwa mtoto. Binti wa miaka 11 akalipitisha kwenye daftari la duka la mjomba wake.

Niliwapa neno moja tu siku ile. Kiswahili chetu kina neno kusimama, na lina pande mbili. Basi limesimama, yaani limekoma kwenda. Nyumba imesimama, yaani iko imara, haijaanguka. Nikawauliza: simu ilipozima, dunia ya Lushoto ilisimama au haikusimama? Wakabishana mpaka adhana. Ilisimama kwa maana moja kwa sababu haikusimama kwa maana ya pili. Aliyekuwa akiisimamisha alitoweka, nayo ikasimama. Nikawaambia, Al-Qayyum ni jina lililotajwa mara 3 katika Qurani, na nyinyi mnalitamka kila siku mkidhani linamhusu aliyeumba zamani. Linamhusu anayesimamisha sasa hivi, mkiwa mmekaa hapa, mkeka chini yenu na pumzi puani.

Nililala nimeridhika. Kosa langu nililijua kesho yake asubuhi, mama yake Mwanaidi alipokuja dukani akiwa hana kitambaa mkononi.

"Maalim, umemfundisha nini mwanangu?"

Mtoto hakulala. Alikaa macho mpaka alfajiri, amemshika mama yake mkono, anauliza kama Mungu anaweza kusinzia hata kidogo tu. Alikuwa ameona kwa macho yake watu watatu wakiondolewa juu ya kilima kwa sababu ya chaji. Alikuwa ameusikiliza mfano wangu vizuri kuliko nilivyousikiliza mimi.

Niliacha kanzu ya watu, nikaenda. Nilimkuta anaosha vyombo, macho mekundu. Nikamuuliza usiku kabla ya kulala anasoma nini. Ayatul Kursiyyu. Nikamwambia aniambie maana yake taratibu, kipande kwa kipande, na yeye mwenyewe alipofika pale aya inapomkanushia Mola kusinzia na kulala, mikono ikasimama ndani ya maji. Alikuwa ameisoma tangu ana miaka 5. Aliidhania ni dawa ya majinamizi.

"Hachoki?" akauliza. Nikamwambia aendelee, aya haijaisha. Akaendelea mpaka kwenye kuzilinda mbingu na ardhi, kwamba hakumwelemei. Akanitazama, akarudi kwenye sufuria. Mama yake alinisamehe, ingawa kanzu ya mumewe ya Idi aliipeleka kwa fundi mwingine.

Tangu hapo nimekuwa mwangalifu, lakini mfano haukuniacha. Usiku mmoja wa kazi nyingi, nikiwa nakanyaga cherehani peke yangu, niliona kitu ambacho nimekitazama tangu nina miaka 14. Mshono unaonekana mstari. Ukiusogeza karibu na taa, hakuna mstari: kuna tundu, uzi, tundu, uzi. Sindano inashuka na kupanda, na kila inaposhuka kunakuwa na hatua moja zaidi ya mshono, na mguu wangu ukiinuka, hakuna inayofuata. Nikamwita Twalibu nikamuuliza, ule mchezo wenu unakwendaje ndani? Akaniambia kila kitu humo, maji kutiririka, ng'ombe kutembea, jua kuzama, kinapigiwa hesabu upya mara 20 kila sekunde. Simu ikilemewa hesabu zinachelewa na dunia nzima inakwama kama gari kwenye matope.

Sifa ishirini, mara 20 kwa sekunde, na siku nzima ya mchezo huo, alfajiri hadi alfajiri, ni dakika 20. Nilijizuia kwa nguvu nisifanye mahubiri ya namba. Lakini hesabu ile inayorudiwa iliniketisha kitako. Waashari, ambao sisi watu wa pwani ndio tumefuata akida yao kizazi baada ya kizazi, walisema jambo linalofanana na hilo zaidi ya miaka 1,000 iliyopita: rangi, mwendo, joto, sifa hizi za vitu hazidumu nyakati mbili. Zinaumbwa, zinatoweka, zinaumbwa tena, na huo mfululizo ndio tunaouita kudumu. Nilipolisoma ujanani niliona ni wanazuoni kuchezeana akili. Sasa nimelisikia chini ya unyayo.

Mfano wangu wa fundi basi haukuwa mbovu wote. Nilikuwa nimeshika kitu kisichostahili. Badala ya kanzu kwenye kamba ningeshika kitambaa kilicho chini ya sindano.

Imam Ghazali, aliyefariki mwaka 1111 huko Tus alikozaliwa, alilisukuma jambo hili hadi mwisho wake. Katika kitabu chake dhidi ya wanafalsafa alichukua pamba na moto. Tunasema moto umeunguza pamba. Yeye akasema tulichokiona ni pamba kuungua moto ulipokuwepo. Kwamba moto ndio uliounguza, hilo hatukuliona, tumelizoea tu. Anayeunguza ni Mungu, na akitaka vitakutana visiunguzane. Karibu karne moja baadaye Ibn Rushd wa Kordoba alimjibu kwa ukali: anayekanusha sababu ameikanusha akili yenyewe, kwani kujua kitu ni kujua sababu zake. Ni ugomvi mkubwa, na mimi si wa kuuamua. Lakini nilikuwa na njia ya kuwaonyesha watoto ulivyo.

Twalibu alijenga ukuta wa sufu nyeupe, wenyewe wanaiita pamba, akawasha moto pembeni. Ukashika, ukapanda, ukaisha wote, watoto wakishangilia. Akajenga mwingine. Safari hii kabla ya kuwasha alifungua mipangilio ya dunia, ambako kuna kitufe cha moto kuenea, akakizima. Akawasha. Moto ukawaka palepale, ndimi zinacheza, na sufu imekaa kando yake nyeupe pepepe. Tulisubiri. Mbwana alisogeza pua kwenye kioo. Hakuna kilichotokea, na kule kutotokea kulikuwa na kishindo. Sefu, ambaye Ibn Rushd angempenda, akasema, "Sasa mtu atajuaje nini kinaunguza nini?" Nikamwambia hilo ndilo swali lililoandikiwa kitabu kizima, na wewe bado unaniandikia alifu imepinda.

Jirani yangu mwinjilisti wa Kilutheri alikuwa amekuja kupunguza suruali, akasimama mlangoni akisikiliza. Baadaye akaniambia hata wao wanalo, Paulo aliwaandikia Wakolosai katika sura ya kwanza kwamba vitu vyote vinashikamana. Tulitofautiana vinashikamana katika nani, kama tunavyotofautiana kila mara. Suruali ilitaka inchi mbili.

Mfano wowote una mahali unapokatika, na watoto walipafika kabla yangu. Mbwana ndiye aliyekuja akicheka: "Maalim, jana mwenye dunia kauawa na kripa!" Kripa ni kiumbe cha kijani kinachokunyemelea na kulipuka. Chuo kilicheka sana, nami nikawa nawaza nitoke vipi. Twalibu, uso umemwiva kwa aibu, akajitetea: alikufa, ndiyo, lakini dunia si ilibaki? Wenzake si waliendelea kujenga wakati yeye anasubiri kurudi? Ilibaki, walikiri. Kwa hiyo yule mtu mdogo mwenye fulana ya buluu si yeye anayeishikilia Lushoto, na kifo chake hakikuitikisa. Nikawauliza sifa ya nne ni ipi. Wakaimba: mukhalafatu lil-hawadithi, kutofanana na vilivyozuka. Nikafunga darasa mapema kidogo. Mwalimu akipata bahati asikae kuitazama.

Gumu zaidi lilikuja kupitia simu ya Mwanaidi, ambayo ni ya zamani na nzito. Anapiga tofali, analiona limevunjika, limetoka kabisa, anasogea kuchukua, na tofali linarudi mahali pake kana kwamba hakuna kilichotokea.

"Nimelivunja!"

"Hujalivunja," Twalibu anasema, kwa ule utulivu unaoudhi wa mwenye dunia.

Wote wawili wana haki. Kidole cha mgeni kinapeleka ombi tu. Kuvunjika kwenyewe kunatokea kwenye simu ya Twalibu, na kama ombi limechelewa njiani, mgeni ameota. Nilipoelewa hivyo nilikaa nikacheka peke yangu, kwa sababu hapo ndipo Waashari walipopita na neno lao kasbu, neno lililowachosha wanafunzi wa kila zama. Tendo anaumba Mola, mja analichuma. Kiswahili kimelipatia hasa: chumo. Mkulima haumbi embe, lakini lililomo kikapuni ni lake, tamu au bovu.

Nikawaeleza. Sefu, ambaye kila hoja kwake ni mlango wa nyuma, akainua mkono. "Maalim, juzi nilichukua almasi za Mbwana kwenye sanduku lake. Nani aliiba?"

"Wewe."

"Lakini si simu ya Twalibu ndiyo iliyo..."

"Wewe."

Nilimjibu haraka na kwa sauti, na mwalimu anayejibu haraka na kwa sauti ana jambo. Almasi zilirudishwa siku ileile, mbele ya mashahidi. Swali likabaki nami. Naweza kusema kwamba hata tofali lingerudi, hata sanduku lingegoma, Sefu alishanyoosha kidole, na kule kunyoosha ndilo chumo lake. Hilo nalikubali. Lakini Twalibu alikuwepo. Simu yake ndiyo iliyozitoa almasi kwenye sanduku na kuzitia kwenye mfuko wa Sefu, tofali kwa tofali, mara 20 kwa sekunde, kwa uaminifu uleule iliotumia kumjengea Mwanaidi kibanda cha kuku. Anayesimamisha dunia anasimamisha na mkono wa mwizi. Vitabu vina majibu, nimeyasoma, mengine nimeyahifadhi. Mchana yananitosha. Usiku wa deni, au usiku wa msiba kama ule wa ajali ya basi iliyotuchukulia watoto wawili wa mtaa huu, hayanitoshi sawasawa, na sidhani kuwa imani yangu imepungua kwa kulisema hilo.

Mama yangu alikuja wakati wa likizo kutoka Muheza, na kapu la machungwa kichwani, umri wake miaka 76. Hajui kusoma herufi za Kizungu. Za Kiarabu anazijua. Alikaa kwenye kiti changu cha wateja akamtazama mjukuu wake anavyohangaika. Twalibu alikuwa ameacha shamba lake la ngano na kwenda kuchimba mbali, yeye pamoja na wenzake, jioni nzima, na aliporudi ngano ilikuwa kimo kilekile alichoiacha.

"Imekuaje hiyo?" mama akauliza.

Twalibu akamweleza kwa subira aliyonayo kwa bibi yake tu, kwangu hanayo. Dunia hiyo imegawanywa viwanja, matofali 16 kwa 16, na simu inavishughulikia vile vilivyo karibu na wachezaji. Ukienda mbali, viwanja vya nyuma vinalala. Ngano hailiwi na ndege, haikauki, na haikui.

"Shamba gani hilo lisiloota mwenyewe akiondoka?"

"Ndivyo lilivyo, Bibi."

"Basi halina mwenyewe."

"Mwenyewe si mimi!"

Mama alimtazama kuanzia utosini hadi vidoleni. "Na ukilala?"

"Nikilala hakuna kitu. Hata wao hawaingii."

Alicheka mpaka akajifuta machozi kwa ncha ya leso. "Mimi mwenzio nikilala ndiyo yanaota," akasema, akamenya chungwa, akampa nusu.

Nimelifikiria neno hilo zaidi ya nilivyofikiria kurasa nyingi. Nilitaka kumweka mama upande wa Ghazali, maana kila shimo anapotia mbegu anasema bismillahi, na shamba lake si dogo. Kisha nikaona ni wa Ibn Rushd: hajawahi kupanda nje ya msimu kwa kutegemea muujiza, anajua mbegu ipi inahimili jua na ipi inataka bonde, na ukimwambia si mvua inayootesha mahindi atakuuliza kama umekula. Inawezekana anakaa mahali ambapo wale mabwana wawili hawakuona kuwa panakalika. Anapanda kama aliyeachiwa kazi yote, analala kama asiyeachiwa chochote. Mimi huku na vitabu vyangu nafanya kinyume: napanda kivivu na usiku nakesha nikiwaza.

Alirudi Muheza mvua za kwanza za masika zilipoanza. Baada ya siku kama kumi alitupigia simu, Twalibu akaiweka sauti ya nje huku akiendelea na mchezo kwenye simu ya dada yake. Barazani walikuwepo wote wanne, pamoja na Sefu na almasi zake halali. Mama akasema mahindi yameota, yameota vizuri, yametoka usiku mmoja yote pamoja.

"Bibi," Twalibu akauliza, na sijui kama alikuwa anatania, "nani alikuwepo?"

"Wapi?"

"Shambani. Usiku yalipoota."

Kimya kidogo, mvua ikisikika kwenye bati la upande wa pili.

"Nani awepo usiku ule na mvua ile? Nguruwe tu. Wameshafukua mistari miwili, mwambie baba yako anitumie hela ya kununua mbegu nyingine."